Mkate wa Chini ya Kreti

Kifuniko cha sufuria ya chai kilikuwa kikitetemeka jikoni, nje bado giza, dirisha la duka lilipogongwa. Nyawira, mwenye duka, hakuuliza ni nani. Katika Naro Moru yote, ni bibi mzee Shosho Nduta tu angetoka kwenye baridi ile kurudisha mkate.

"Mama Kingori, huu ni mgumu."

"Shosho, jana uliubonyeza mwenyewe ukasema ni laini."

"Nibadilishie. Na usinipe wa juu. Toa wa chini ya kreti."

Ilikuwa siku ya tatu mfululizo. Nyuma yake, mpagazi wa mlimani aliyekuwa akingoja maandazi akacheka. "Shosho, unanunua mkate ama unaposa?"

Uchovu ukamshinda Nyawira. "Kama mkate wangu ni mbaya, Nanyuki kuna supamaketi."

Nduta aliuweka mkate kwenye kaunta taratibu, kama anayelaza mtoto, akaenda zake.

Nyawira alipoufungua, aliona kipande cha kwanza kimekatwa maganda pande zote nne, kwa uangalifu, kikarudishwa mahali pake. Hakikuwa kimeng'atwa. Huu ulikuwa mkate wa mgonjwa. Saa nne alifunga duka, akatia kwenye kiondo mkate laini kuliko yote, akapanda njia ya kwa Nduta.

Guka Ngatia, mume wa Nduta, alikuwa ameketi karibu na moto, blanketi likimzidi mwili.

"Hajameza kitu tangu Jumamosi," Nduta alisema. "Daktari alituambia tumrudishe tu nyumbani. Mimi nikadhani ni mkate."

"Nisamehe, Shosho."

"Ungejuaje? Kaa, unywe chai."

Nyawira alichovya kipande kwenye chai, akamlisha mzee kwa kijiko. Guka alikishika kinywani muda mrefu. Koo halikusogea. Mwishowe akakitema kiganjani, akakifunika kwa vidole ili mgeni asikione.

"Ni laini," alisema.

Nduta akageuka, akaanza kupangusa kikombe kilichokuwa safi. Kisha akatia viazi vitano kwenye kiondo, maana kiondo cha mgeni hakirudi kitupu. Nyawira hakuthubutu kukataa.

Alikuwa ameshafika mlangoni sauti ya Guka ilipomfuata kutoka karibu na moto, nyembamba kama uzi.

"Mama Kingori. Kesho uje tena kutuona. Uje na ule wa chini."