Samaki Mwenye Kola

Samaki niliyemtundika kwenye ndoano ya mzee Adelino alikuwa hai. Nalitaja hilo mwanzo kabisa kwa sababu, katika kazi yote niliyoifanya jioni ile, ndilo jambo pekee lisilokuwa na uongo.

Majira ya baridi mimi huongoza wageni kwenye ziwa letu la Inari. Nawachukua hotelini kwa pikipiki ya theluji, wao nyuma kwenye sleji, nawatobolea barafu kwa keke, nawakalisha juu ya ngozi za kulungu, kisha tunangoja mambo mawili: samaki chini, na juu taa za kaskazini, ile mianga ya rangi inayocheza angani usiku. Taa huja zikijisikia. Samaki, mwezi wa kwanza, kabla jua halijarudi baada ya wiki za giza, ni kama hawapo. Wamenuna huko kwenye kina, na hata uwachezeshee chambo mbele ya pua hawageuki. Mtu yeyote wa hapa anajua hivyo. Wageni hawajui, na mimi sikutaka wajue.

Nilikuwa nimeshapata jina, ndiyo sababu. Hotelini walisema Uula harudi mikono mitupu. Lilianza mwezi wa kumi na moja, kwa mgeni mmoja, mama aliyelia machozi ya furaha samaki mkononi, picha yake ikabandikwa ukutani karibu na mapokezi nami nikionekana nyuma yake, nimetabasamu kama bwana harusi. Mimi, mwanamume wa miaka hamsini na mbili, kichwa kikavimba kwa picha.

Samaki yule nilimtoa kwenye wavu wa shangazi yangu.

Shangazi Briita, dada wa marehemu baba, hutega nyavu mbili chini ya barafu kwenye rasi iliyo mbele ya nyumba yake. Ana miaka sabini na tisa na nyonga mbovu, na bado kila baada ya siku mbili huenda mwenyewe, huvunja barafu ya shimoni, huvuta wavu kwa mikono mitupu. Hupata siika, yule samaki wetu wa rangi ya fedha mwenye kinywa kidogo. Kwetu unaweza kuingia nyumba ya mtu asiyekuwepo, ukawasha jiko lake, ukanywa kahawa yake, na kesho ukimwambia atacheka. Wavu wake huugusi. Hilo hatufundishwi, kama vile hatufundishwi kupumua.

Nami niliugusa mara nne. Alasiri, kabla ya kwenda kuwachukua wageni, nilivuta wavu upande mmoja, nikatoa siika aliyekuwa bado na uhai, nikamtia kwenye mfuko wa nyavu na kuuning'iniza ndani ya shimo langu la pembeni, nikafunika na matawi. Jioni, taa za mbinguni zilipowaka, niliwaambia wageni wazime tochi na wasishushe macho. Watu wote wakitazama juu, hakuna anayetazama mikono yako.

Shangazi si mjinga. Aliona theluji ya shimoni imechezewa na kamba imeganda vibaya. Akatafuta mtu wa kumlaumu, akampata mkwewe Pentti, ambaye hupita hapo kila siku akienda kukata kuni. Siku ya Krismasi, nyumba imejaa watu, alimgeukia.

“Pentti, samaki wangu ni watamu?”

“Mama, sijagusa wavu wako.”

“Basi ni fisimaji. Fisimaji anayejua kufunga kamba.”

Watu walicheka kidogo. Pentti aliangalia mikono yake, akachukua kofia, akawavika watoto wake wawili makoti. Watoto hao walikuwa wakilala kwa bibi yao kila Jumamosi. Hawakurudi tena. Na shangazi, mlango ulipofungwa, alinielekeza kidole mbele ya wote.

“Nyavu zangu zina mtu mmoja tu ninayemwamini. Barafu ikiyeyuka mwaka ujao, mahali pangu namwachia Uula.”

Mahali pale palikuwa pa babu yangu. Nimepataka tangu nikiwa mtoto. Na unajua nilifanya nini nilipopewa? Nilikuwa nachovya kipande cha jibini kwenye kahawa, kama tufanyavyo huku. Niliendelea kuchovya.

Nilikusudia kuacha. Nakuapia nilikusudia. Lakini akaja Adelino.

Alikuwa mwoka mikate mstaafu kutoka Braga, Ureno, peke yake, ndani ya ovaroli ya hoteli iliyomzidi kiasi kwamba alitembea akiishika kiunoni. Alizungumza Kiingereza cha kuokoteza kama changu, na hakunyamaza. Njia nzima alipiga kelele kutoka kwenye sleji akiuliza mti ule ni mti gani, nyayo zile ni za nani, taa ile ya ng'ambo ni ya nani.

“Ya shangazi yangu,” nilimjibu. “Alizaliwa kwenye nyumba ile ile.”

“Ndiye mkubwa wenu?”

“Ndiye mkubwa wetu.”

Na motoni, tukichoma soseji, nikamsimulia ile desturi ya nyumbani kwetu: samaki wa kwanza anayempata mtu kwenye barafu hamli yeye, humpelekea mkubwa wa ukoo. Ni kweli, mama alitulea hivyo. Lakini mimi nilikuwa nimeigeuza kuwa kitoweo cha maneno, kitu cha kuwapa wageni pamoja na soseji. Wale wageni watatu wa kabla yake waliitikia kwa vichwa, wakasema vizuri sana, wakapiga picha.

Tulikaa saa mbili. Baridi ilikuwa nyuzi ishirini na nane chini ya sifuri. Adelino alichezesha chambo kama nilivyomwonyesha, juu, chini, juu, akisimulia habari za tanuri lake.

“Uula, samaki wako ni kama wateja wangu wa Jumatatu. Wanajua mkate ni wa jana.”

Kisha taa zikaja. Kwanza ukungu wa kijani juu ya misonobari, halafu zikafunguka mbingu nzima, zikatambaa na kukunjana, na theluji yote ikawa ya kijani, pamoja na ndevu za Adelino. Mtu yule aliyeongea njia nzima alinyamaza, akavua kofia yake kwenye baridi ile kama yuko kanisani.

“Zima tochi,” nilimwambia. “Tazama juu tu. Ishike hiyo kofia, hapana, vaa, masikio yatakatika.”

Akavaa. Akatazama juu. Nami nikapiga magoti nyuma yake, nikamtoa siika kwenye ule mfuko wa shimo la pembeni, nikavuta mshipi wake polepole, nikampachika samaki ndoano mdomoni na kumwachilia shimoni. Vidole vilikuwa vimekufa ganzi. Nilikuwa nimeshazoea.

Baada ya kitambo akasema kwa sauti ya chini, “Uula, kuna mtu huku chini ananivuta.”

Alipomtoa, aliketi na samaki mapajani, hakupiga picha. Nilimwua samaki kwa ajili yake. Alimfuta theluji kwa kiganja cha glavu.

“Sasa twende kwa shangazi yako,” akasema.

“Kwa nini?”

“Wewe mwenyewe umesema. Wa kwanza ni wa mkubwa. Mimi sina mkubwa tena, wamekwisha wote. Nitampa wako.”

“Amelala, mzee wangu.”

Adelino alitazama saa, kisha akatazama ng'ambo. Ilikuwa saa moja na nusu jioni. Dirisha la jikoni kwa shangazi liliwaka, na moshi ulipanda wima kutoka kwenye bomba la jiko.

“Aliyelala hapiki,” akasema.

Nilimwambia barafu ya upande ule ni mbaya. Akaniuliza mbona kuna alama za pikipiki zinazoelekea kule kule. Zilikuwa zangu za alasiri. Nikawasha mashine.

Shangazi alitufungulia akiwa na aproni na fimbo yake. Alimkaribisha mgeni kwa mkono, akamketisha karibu na jiko, nami nikasimama mlangoni nikitoa theluji kwenye viatu ambavyo havikuwa na theluji. Adelino alisimama tena, akamnyooshea samaki kwa mikono miwili, akatoa hotuba. Nikaitafsiri kwa lugha yetu: kwamba huyu ni samaki wake wa kwanza wa barafu, kwamba anamheshimu kama mama.

Shangazi alimpokea. Akamgeuza chini ya taa. Akapitisha kidole gumba nyuma ya matamvua, polepole, akazunguka shingo yote.

Siika wa wavuni ana alama pale. Uzi humkaba, magamba hutoka, hubaki mstari mwembamba wa kuzunguka, kama kola iliyombana. Na siika wa mwezi wa kwanza hashiki ndoano. Hayo yote anayajua hata mtoto wa hapa asiyejua kusoma. Nilikuwa nayajua na mimi. Nilikuwa nimewadanganya watu wanaotoka mbali kwa muda mrefu hivi kwamba nilisahau kuna macho ya karibu.

“Mwulize amemvua wapi,” akasema shangazi bila kuniangalia.

Nikauliza. Adelino akachangamka. “Kwenye kina kile. Alipigana nami dakika kumi. Alivuta kama punda.” Alitia chumvi mtu wa watu, kwa furaha tu.

Nikatafsiri. Sikuwa na la kufanya.

“Mwambie,” akasema shangazi, “siika aliyekabwa wavuni usiku kucha, halafu akapigana dakika kumi na ndoano, huyo ni shujaa.”

Adelino alinitazama akingoja.

“Anasema samaki wako ni shujaa,” nikamwambia.

Akacheka, akaweka mkono kifuani. Shangazi naye akamtabasamia vizuri, kwa moyo, kwa sababu yule mgeni hakuwa na kosa. Tabasamu likiwa bado usoni akaniuliza, “Mara ngapi?”

“Amesema nini?” Adelino akauliza.

“Anauliza kama unakunywa kahawa.”

“Nakunywa, nakunywa. Na sukari, kama haimsumbui.”

“Mara nne,” nikamjibu shangazi.

Alimweka samaki kwenye beseni. Akamimina kahawa, akaweka sukari na jibini mbele ya mgeni, akamsukumia sahani karibu. Mimi hakunipa kikombe. Katika maisha yangu sijawahi kuingia nyumba ile nisipewe kikombe. Nilitamani barafu yote ya Inari ipasuke ianze na mimi. Uso ulinichoma kama nimeuweka juu ya jiko, na nilishindwa hata kujua nitazame wapi, kwa sababu kila kitu mle ndani kilikuwa kinanijua: benchi, ndoo, mikasi ya nyavu ukutani.

“Shangazi,” nikaanza.

“Nyamaza. Kuna mgeni.” Akaketi kwa shida, nyonga ikimlia. “Krismasi ulikaa pale.” Alionyesha benchi kwa fimbo. “Ulinisikia. Mimi nikamtukana mtu kwenye nyumba yangu, mbele ya watoto wake, na wewe ulikuwa unakula.”

Nikaliangalia lile benchi.

“Samaki ningekupa,” akasema. “Ungekuja ukasema shangazi, naaibika mbele ya wageni, nipe samaki, ningekupa watano.”

Adelino alitutazama mmoja baada ya mwingine, akafikiri tunazungumza mambo ya ukoo. Na ndivyo ilivyokuwa. Kwa adabu akainuka na kikombe chake, akaashiria dirishani kwamba taa zinacheza tena, kwamba atatazama kidogo uani. Tukamsikia nje akitembea juu ya theluji, akiongea peke yake kwa Kireno.

Shangazi alitoa simu yake kwenye mfuko wa aproni, akabonyeza, akaniwekea mkononi. Nilidhani atasema jambo juu ya mahali pale pa babu, kwamba nimepakosa. Hakupataja kabisa. Nami nilishangaa kuona kwamba, kwa mara ya kwanza tangu utotoni, sikuwa nikipafikiria.

“Mimi nitamwomba Pentti msamaha kwa langu,” akasema. “Wewe anza na lako.”

Simu iliita mara moja tu. Namba ilikuwa ya shangazi, jina lililotokea kule lilikuwa lake, na Pentti alipokea upesi, pumzi juu, kama mtu aliyelala na simu mkononi wiki mbili.

“Mama?” akasema. Nyuma yake sauti ya mtoto ikauliza kama ni bibi.

Ilinibidi niwaambie kwamba ni mimi.