Mpaka wa Marwa

Jumamosi asubuhi, watu wa Itiryo walipokuwa wakishusha viriba vya miche kwenye mkokoteni, Mokami alikuwa amekaa mlangoni kwake, mguu umevimba, hawezi hata kuvaa ndala. Siku hiyo walikuwa wanaunganisha msitu wa kilimani na ule wa bondeni, misitu ya mababu iliyotenganishwa na mashamba. Kazi yenyewe ni ya irisaga: kila nyumba hutoa mtu mmoja. Nyumba ya Mokami haikuwa na mwingine, kwa hiyo alikuja Marwa, mumewe, aliyezikwa mwaka juzi nyuma ya zizi.

Alikuja na jembe lake. Kila alipoinama, udongo ulimdondoka mabegani.

"Shikamoo, mzee," alisema Bernadetha, mwenyekiti wa kikundi. Marwa hakuitikia. Bernadetha akamwonyesha kamba iliyovutwa kutoka msitu hadi msitu, akaenda zake kugawa miche. Itiryo hawamfukuzi mtu aliyekuja kufanya kazi.

Marwa aliiacha kamba. Alichimba pale ilipokuwa mikonge ya mpaka wa shamba lake, kutoka kilimani hadi bondeni, mikonge ambayo mdogo wake, Werema, aliing'oa matanga hayajaisha, akalima shamba zima kama lake. Shimo la mti haliachwi wazi, basi watu wakamfuata wakipanda. Kufikia saa saba mikuyu waliyoipanda asubuhi ilikuwa imelipita paa la kanisa. Hakuna ndege aliyelia. Tumbili walivuka juu ya vichwa vya watu, kimya, wakishuka bondeni.

Mokami alijikongoja hadi pale. Furaha ilimjaa kifuani. Mpaka ule hata kipofu angeuona.

"Mnaona?" aliuliza.

"Tunaona, mwenzangu," alisema Bernadetha. "Misitu imeungana, tunashukuru. Lakini mambo ya mashamba hatusemi kwenye irisaga."

"Mtayasemea wapi?"

Watu walikuwa wananawa mikono. Werema alinawa pamoja nao, akasifia kivuli.

Marwa alipewa ugali na dagaa kama wengine. Alimeza bila kutafuna, akarudi nyuma ya zizi. Mokami alimtazama mpaka alipozama udongoni, akingoja aseme walau neno moja.

Siku hizi Werema analima pande zote mbili za miti, na Mokami akiishiwa kuni hupitia kwanza kwa Werema, akasimama nje ya ua.

"Shemeji, naomba nikaokote matawi makavu kule kwenye miti."

Kuna siku Werema humruhusu.