Mkono Ndani ya Filamu

Saa tatu asubuhi fundi wa skana alivaa glavu nyeupe, akafungua kopo, na harufu ya siki ikamkaribisha. Ndiyo harufu ya filamu inayooza. Mkanda ulikuwa na umri wa miaka hamsini na viungo arobaini na moja, vyote vimebandikwa na mama yake, aliyekata na kuunga mikanda ya studio iliyotengeneza filamu hiyo maisha yake yote na kufariki miaka sita iliyopita. Kwenye orodha ya waliotengeneza filamu jina lake halikuwemo. Mpishi wa chai alikuwemo.

Kiungo cha kwanza kilipoingia kwenye skana kilianza kuachia. Mkono wa mama ukatokea pembeni, na kile kidole gumba chenye kucha iliyopinda, ukakishikilia kiungo mpaka kikapita. Fundi akapunguza mwendo wa mashine ili asimchoshe.

Kufika alasiri, mkanda ambao wataalamu walikwisha kuukatia tamaa ulikuwa umeingia wote kwenye kompyuta, bila kupotea hata picha moja. Fundi alijaa fahari mpaka akasahau kula.

Kesho yake mkaguzi wa maktaba ya filamu aliitazama.

"Dada, kuna mkono humu."

"Wa mama."

"Hongera kwa kazi. Lakini ufute."

Fundi akaufuta. Asubuhi ulikuwa umerudi kwenye nakala zote tatu, hata ile inayotunzwa mji mwingine. Ukafutwa tena, ukarudi tena, safari hii umepakwa mafuta. Mkaguzi akasalimu amri.

"Basi liandike jina lake," fundi akasema.

"Jina ambalo halimo kwenye filamu haliandikwi. Ndio utaratibu."

"Mkono je?"

"Mkono umo. Huo nitauandika."

Filamu ikawekwa mtandaoni, bure kwa yeyote mwenye simu. Mama mdogo wa fundi aliitazama akiwa kitandani kwa maumivu ya mgongo, kisha akapiga simu.

"Nimemwona dada. Hajabadilika, anakunja gumba vilevile. Wamemwandika?"

"Wamemwandika."

"Chanda chema huvikwa pete, mwanangu. Hebu nisomee."

Fundi akafungua ukurasa wa filamu, akalipita jina la mwongozaji, akalipita la mpishi wa chai, akasoma taratibu kwa sauti ya kusomea cheti.

"Kasoro: mkono, mara arobaini na moja."



"Soma tena," mama mdogo akasema.