Msimpandishe Cheo Mzee Lesli

Ulikuwepo. Usijifanye ulikuwa sokoni. Ulikaa kwenye kiti cha plastiki chini ya turubai pale Bonga, na Anselimu, mwenyekiti wa kamati ya mazishi, alipoanza kudanganya mbele ya jeneza, wewe ulitazama viatu vyako. Nilikuona. Shule sikusoma sana, ila kusahau ndiko sikujifunza kabisa.

"Marehemu Lesli Hakapu," alisoma Anselimu kwenye kipaza sauti, "alikuwa mfadhili mkubwa kutoka Uingereza, aliyejitolea kwa maendeleo ya wananchi wa Babati."

Mfadhili! Alifadhili nini? Taja kisima. Taja darasa. Taja hata ndoo. Yule mzee alipanga chumba kwa Mama Irine, na umeme ukikatika alitoka kuomba kibiriti kama sisi. Lakini wewe ukiona mzungu, kichwani mwako ni mtalii au mfadhili, basi. Kamera hakuwa nayo, mkampa hilo la pili.

Alikuwa mwigizaji. Tena si wa kwenye mabango, wa pembeni. Maisha yake yote, kwenye filamu na tamthilia za kwao, alifungua milango ili wenye majina waingie. Mara mtumishi mwenye sinia, mara hakimu wa sentensi moja, mara daktari anayetikisa kichwa shuka likivutwa. Umewahi kumwona, pale kwenye kibanda cha video karibu na stendi. Ila tajiri alipoingia, ulimtazama tajiri.

Alikuja huku mara ya kwanza na watu wa filamu waliopiga picha hapo Mutuka, jirani tu. Akaigiza bwana shamba anayekufa kwa homa kabla mambo hayajachanganya. Wenzake wakaondoka. Alipostaafu akarudi, kwa sababu, alisema, hapa ndipo alipokufa vizuri kuliko kwingine kote.

Jioni alifundisha uigizaji uani kwa Mama Irine. Huyu Mama Irine, Xaveria muuza maharage, ndiye aliyekuwa mwanafunzi wake hodari. "Mama, ukisimama nyuma, simama kabisa," alimwambia. "Usisimame kama mtu anayengoja kuitwa mbele." Na alipozidiwa, akamshika mkono: "Nikifa, wasinipandishe cheo. Waambie nilifungua milango, na niliifungua vizuri."

Mama Irine akalipeleka neno hilo kwenye kamati. Anselimu akacheka.

"Mama Irine, tumzike mzee wa watu tukisema alikuwa mbeba sinia? Ndugu zake wakija watatuonaje? Na uigizaji wenyewe ni uhuni."

Ndiyo maana, wasifu ule uliposomwa, Mama Irine alisimama.

"Samahani, Mwenyekiti. Huyo unayemsoma mimi simjui. Nadhani tumekosea jeneza."

"Mama Irine, hapa ni msibani, si jukwaani!"

"Na wewe hapo unaigiza nini, tena vibaya?"

Vijana wa bodaboda walipiga mbinja. Mama Irine akachukua sinia la vikombe vya chai kutoka kwa msichana aliyekuwa akigawa, akanyoosha mgongo, akashusha macho. Akatembea. Akafika mbele ya jeneza, akafungua mlango usiokuwepo, akampisha tajiri asiyekuwepo, akaufunga taratibu. Kikombe hakikulia. Mzee Kipuyo, aliyesafiri kutoka Simanjiro na shuka lake begani kuja kumzika rafiki yake, akasema kwa sauti, "Ehee! Huyo ndiye."

"Mama, rudia!" kijana mmoja akapiga kelele. Watu wakacheka huku wanalia. Na wewe ulicheka. Meno yako niliyaona.

Kisha mtu wa Anselimu akachomoa waya wa kipaza sauti, Mama Irine asije akakishika, kwaya ikaambiwa iimbe, tukaenda kaburini. Msalaba ukaletwa umeshapakwa rangi: LESLI HAKAPU, MFADHILI. Ukagongwa mbele ya macho yako. Na wewe ukarudi kutazama viatu vyako.

Kwani ni mara ya kwanza? Theophil wa Nakwa alipiga zeze vilabuni mpaka vidole vikapinda. Mkamzika mkisema "mkulima hodari". Hakuwa hata na jembe! Anselimu huyohuyo, kipaza sauti hichohicho. Wajukuu wa Theophil leo hawajui kama babu yao alipata kushika zeze.

Jana Mama Irine alikwenda kwa Anselimu kuomba neno lile lifutwe. Akajibiwa kwa upole, ule upole wa mtu aliyeshinda: "Mimi sina shida, mama. Lakini wananchi waliridhika. Mbona hakuna aliyesema kitu? Ni wewe peke yako."

Umesikia? Ule ukimya wako ndio ushahidi wake.

Kesho asubuhi fundi anajengea kaburi, na neno lile litaandikwa kwenye marumaru. Marumaru haifutwi kwa brashi. Mama Irine yuko pale sasa hivi, amekaa kando ya udongo na kopo lake la rangi, na hataki kuondoka. Anselimu naye ameitwa, anakuja na kamati yake.

Basi inuka. Acha hicho unachofanya, njoo Bonga, umwambie usoni: nilikuwepo, na sikuridhika. Ukiona haya kukaa mbele, kaa nyuma. Ila usimame kabisa.