Komeo la Nje

Ukitaka kumuudhi yule seremala ambaye mtaa mzima ulimwita Fundi Bawaba, msifie kiti. Viti alitengeneza kwa sababu watu wanapenda kukaa, basi. Roho yake ilikuwa kwenye milango. Mlango wake ulifungika kwa kidole kimoja na haukulia hata mvua inyeshe wiki nzima, na akiingia nyumba ya watu alikagua fremu kwanza, wenyeji akawasalimia baadaye. Mkewe alimtania kwamba siku yake ikifika malaika watakaa wakimngoja, yeye yuko nyuma anapima bawaba za peponi.

Kwa hiyo siku hospitali ya wagonjwa wa akili ilipompigia simu kuhusu kaka yake, na yeye akaenda, jicho lake halikwenda kwa kaka. Lilikwenda mlangoni. Pengine alifanya makusudi, maana kumtazama kaka kulikuwa kugumu zaidi.

Kaka alichukuliwa wakati Fundi akiwa bado mtoto wa kaptula. Alikuwa kijana mcheshi, halafu akaanza kujibizana na watu wasiokuwepo, halafu akavunja vyombo vyote vya mama, na baba akaenda kuwaita wenye gari la hospitali. Tangu hapo nyumbani hakutajwa jina, aliitwa "yule wa kule". Mwanzoni walikwenda kumwona, baadaye mara mojamoja, kisha wazee wakafa na safari zikafa nao. Fundi hakumsahau kaka yake. Alifanya kitu kibaya zaidi ya kusahau: alimkumbuka na asiende.

Sasa wodi ya waliokaa miaka mingi ilikuwa inafungwa. Muuguzi mkuu, mama mnene mwenye miwani ya kamba shingoni, alikuwa ameinama kwenye kabati wakati Fundi alipobisha hodi. Alishtuka hata akagonga kichwa.

"Umenitisha, baba," alisema, akijisugua utosi. "Nimedhani ni kaka yako ametoka peke yake. Sauti ni ile ile, kama mmeazimana."

"Ni ya marehemu baba," Fundi akasema. "Alituachia hiyo tu."

Muuguzi akacheka, kisha akamweleza. Kaka alikuwa ametulia siku nyingi. Kidonge chake ni cha jioni, kimoja tu, na yeye mwenyewe atakuwa anakuja nyumbani kumtazama. Hana madhara kwa mtu. "Tatizo lake kubwa sasa ni sisi," alisema. "Tumemkalisha humu mpaka amekuwa wa humu."

Ndipo Fundi akauliza kuhusu milango, kwa sababu alikuwa ameshindwa kujizuia. Milango ya vyumba vile ilikuwa ya mbao nzito, kazi ya mtu aliyejua kazi, na yote ilifunguka kwa nje. Upande wa nje ilikuwa na kishikio na komeo. Upande wa ndani haikuwa na kitu. Mbao tupu.

"Ikifunguka kwa ndani, mgonjwa anaweza kusogeza kitanda akaizuia," muuguzi alisema. "Walifikiria kila kitu, wale wa zamani. Waliwaviringisha watu kwenye mashuka mabichi ili wapoe. Waliwapiga umeme bila ganzi. Na nimefanya kazi na wachache wao, baba, hawakuwa watu wabaya. Walikuwa wakienda nyumbani wakala na watoto wao, wakijua wametibu."

Kisha akasema kwamba jengo litakuwa kliniki ya kuja na kuondoka, na kama Fundi ana nafasi, hivyo vyumba vinahitaji vishikio upande wa ndani.

Alikuwa na nafasi. Aliingia chumba cha kwanza na bisibisi na patasi, akapiga magoti kutia alama, na mkono wake ukakuta alama imeshawekwa. Pale ambapo kishikio kingekaa, kwenye urefu ule ule, mbao ilikuwa imelika. Palikuwa na kibonde kidogo, laini, cheusi kwa mafuta ya ngozi. Alipita chumba cha pili na cha tatu, akakuta vibonde vile vile, vingine juu kidogo, vingine chini, kutegemea kimo cha mtu. Hakuna msasa unaolainisha mbao namna ile. Walisukuma sana, maskini, alijiambia. Walisukuma mpaka mti ukachoka. Akatoboa tundu zake haraka haraka, akifunika kila kibonde kwa bati la kishikio kama mtu anayefunika uso wa maiti.

Fundi alimkuta kaka kwenye benchi, ana kifurushi mapajani. Nywele zilikuwa zimeota mvi zote. Alimtazama Fundi kwa muda, akasema, "Umekua," kisha akasubiri aambiwe asimame.

*

Nyumbani palikuwa na stoo nyuma, kando ya jiko la nje, yenye dirisha dogo la nondo, juu karibu na paa. Fundi aliisafisha, akapaka chokaa, akatengeneza kitanda. Na mlango, bila shaka. Alifanya kazi nzuri mno. Kwa kuwa mikono yake ilikuwa bado na vipimo vya kule, na kwa kuwa chumba kilikuwa chembamba na kitanda kingezuia, aliutengeneza ufunguke kwa nje. Bawaba zikakaa nje. Akaupiga vanishi.

Mkewe aliutazama mikono kiunoni. "Na komeo?"

"Komeo la nini, mama watoto?"

"Unaniuliza mimi?" Hakuwa mwanamke mkorofi. Alikuwa amekubali shemeji aje, tena kabla hajabembelezwa, na ndiye aliyemshonea mapazia. Lakini usiku wa kuamkia siku hiyo hakulala. "Una binti wawili ndani ya nyumba hii. Wewe unashinda karakana. Akivunja vyombo, nivunjike navyo mimi? Weka komeo, au mimi na wanangu tunahamia kwa dada mpaka utakapojua moja. Sisemi tulifunge. Nasema liwepo."

Fundi akaliweka. Liwepo tu, kwa muda. Alichagua la shaba, zuri, akalichimbia nafasi yake vizuri hata likawa linateleza bila sauti.

Siku za kwanza halikuguswa. Kaka hakutoka hata hivyo. Mlango ukiwa wazi alisimama ndani ya kizingiti akitazama kuku, miguu imepangana, mpaka mtu apite na kumwambia "karibu nje, shemeji." Siku moja walimsahau. Mke wa Fundi alimkuta mchana amesimama pale pale, suruali imelowa, na choo kiko hatua chache tu, wazi, anakiona. Alilia kwa huruma, akamfulia. Na kwa kuwa huruma na woga hulala kitanda kimoja ndani ya mtu, kesho yake alipokwenda kisimani alilisukuma komeo. Dakika chache tu, ili awe na amani. Alifanya hivyo tena alipokwenda dukani. Haikupita wiki mkono wake ulikuwa ukilisukuma wenyewe kila apitapo, kama mtu anayezima taa.

Fundi alijua. Alikuwa akiliona asubuhi likiwa limeingia kwenye tundu lake, na alilirudisha bila kusema neno. Muuguzi angekuja Jumamosi, na angeuliza. Ilibidi aamue. Aliazimia kwenda kuzungumza na kaka kwanza, amweleze kama mtu na nduguye kwamba ni kwa ajili ya watoto, si kwa ubaya, na kwamba litatolewa. Ukweli ni kwamba alitaka kaka aseme "sawa", ili yeye apumue.

Ilikuwa adhuhuri. Alirudi kutoka karakana mikono mitupu, simu ameiacha kule imeisha chaji. Mkewe hakuonekana. Akaingia kwa kaka, akauvuta mlango nyuma yake jua lisiingie, akaketi kitandani. Akakosa pa kuanzia. Wakakaa hivyo, ndugu wawili kimya, kaka akitazama mikono yake.

Hawakusikia kandambili zikipita. Walisikia komeo, na hata hilo kwa shida, maana Fundi alikuwa amelitengeneza vizuri.

"Mama watoto!" aliita, bado anacheka. "Tumo humu!"

Kandambili zilikuwa zimeshatoka getini. Akasukuma mlango. Haukucheza hata unywele. Akausukuma kwa bega, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake akautukana mlango alioutengeneza mwenyewe. Bawaba nje, komeo nje, ndani mbao tupu. Dirishani nondo, na upande wa pili wa ua, kibaraza cha msusi wa jirani.

"Jirani!" alipiga kelele. "Jirani, nifungulie!"

Kicheko cha wateja kule kibarazani kikakatika.

"Mnasikia?" ilikuwa sauti ya msusi. "Leo amechafukwa huyo."

"Ni mimi! Ni Fundi!"

"Eti yeye ni Fundi." Mtu akaguna kwa huruma. "Maskini, ugonjwa huu mbaya."

Alipiga mlango kwa ngumi, akaupiga teke. Kadiri alivyopiga ndivyo alivyosikia wakivuta viti vyao ndani. Msusi akaita watoto waliokuwa wakicheza karibu, akafunga mlango wake. Jasho likamwingia machoni. Sauti yake ilikuwa imeanza kukwaruza, na alipoisikia ikirudi kutoka ukutani haikuwa yake tena. Ilikuwa ile iliyotoka chumbani kwa kaka siku ile ya vyombo, na yeye amejificha nyuma ya mama. Kaka alikuwa akisema nini siku ile? Alijaribu kukumbuka. Alikuwa akisema, "Ni mimi."

Kandambili zilirudi. Kisha sauti ya msusi, chini chini: "Usifungue, shoga. Anajiita mumeo. Mngojee mwenyewe arudi."

"Shemeji," mkewe akasema nje ya mlango. Sauti ilitetemeka. "Shemeji, tulia. Mume wangu anakuja sasa hivi, nampigia lakini simu imezimwa."

"Mimi ndiye mume wako!"

Akasikia miguu ikirudi nyuma, na binti yake mdogo akaanza kulia.

Fundi akainua ngumi tena. Mkono ukashikwa. Kaka alikuwa amesimama kando yake, karibu sana, uso umetulia kama wa mtu anayemfundisha mtoto kufunga kamba za viatu.

"Usigonge," alinong'ona. "Ukigonga wanachelewa."

"Kaka, ni mke wangu yule—"

"Najua. Weka mkono hapa." Akaukunjua mkono wa Fundi, kidole kwa kidole, akaulaza mlangoni, kwenye urefu wa kiuno. "Usisukume. Ukisukuma wanaona. Laza tu. Wakija utasikia mbao imetikisika kabla ya sauti. Hapo uandae uso."

Mkono wa Fundi ukalala pale. Ndipo akaelewa vile vibonde alivyovifunika kwa bati. Hakuna aliyesukuma. Miti ile ililika kwa watu waliotulia, watu wapole kabisa, waliosimama wakingoja. Alitaka kulia na akaogopa kulia, kwa sababu wangesikia.

Walisimama. Jua lilihama kwenye nondo. Kaka alipumua polepole, na baada ya muda Fundi alijikuta anapumua pamoja naye. Kisha mbao ikatikisika chini ya kiganja chake, kweli, kabla ya sauti.

"Shemeji?" mkewe akasema. "Umetulia?"

Fundi akafungua kinywa kusema jina lake. Kaka akatikisa kichwa. "Sema umetulia," alinong'ona. "Sema na asante."

"Nimetulia, shemeji," Fundi akamwambia mkewe. "Asante."

Komeo likateleza. Mlango ukafunguka, na mkewe akamwona, akaziba mdomo kwa mikono yote miwili. Nyuma yake msusi alisimama na chanuo, macho yamemtoka. Jua lilikuwa kali na kizingiti kilikuwa wazi, na Fundi alikuwa bado amesimama ndani, miguu imepangana.

"Baba watoto," mkewe akasema kwa shida. "Toka. Toka basi."

Alipoambiwa, akatoka.

Alikwenda moja kwa moja jikoni, akachukua nyundo ya kuvunjia mkaa. Mtu ambaye hakuwahi kung'oa msumari bila kuweka kitambaa chini alilipiga komeo lile mpaka likang'oka pamoja na kipande cha mlango, na vanishi ikaruka vipande, na akaendelea kupiga palipokuwa pameshakuwa tundu.

"Na watoto?" mkewe aliuliza, si kwa ubishi. Alikuwa analia. "Niambie tu, na watoto?"

"Nitahamishia kazi hapa," Fundi akasema. "Benchi langu litakaa hapa, mlangoni. Ukiogopa, niite. Mimi nitakuwepo." Sauti ilikuwa imekauka kabisa, huwezi kujua ni ya nani kati yao wawili.

Kaka alikuwa ndani, nyuma ya kizingiti, mkono wake umelazwa hewani pale mlango ulipokuwa.

"Kaka," Fundi akamwambia. "Toka."

"Wewe wamekuruhusu upesi," kaka akasema, kwa sauti ya kumpongeza, na akatoka.