Chai ya Kikao cha Nidhamu

Kesi ya wizi wa betri ilikuwa bado mahakamani, na wakili wake alishamwonya mtunza stoo, mshtakiwa, asifungue mdomo. Lakini kazini nako kamati ya nidhamu ikamwita. Meneja, mtu asiyeitikia hata salamu, leo akammiminia chai kwa mkono wake mwenyewe.

“Hapa si mahakamani, kaka. Tueleze tu ilivyokuwa, tuyamalize kifamilia.”

Kifamilia! Tangu lini? Kila mara mtunza stoo alipotaka kusema, meneja aliisogeza simu yake mwenyewe, iliyolala kifudifudi mezani, karibu na mtunza stoo.

Ghafla simu ikakohoa. Kikohozi kile kikavu mtunza stoo alikijua. Alikisikia kutwa nzima kituoni, mpelelezi alipomhoji.

Akaiinamia simu.

“Pole na kifua, afande,” akasema. “Tutaonana mahakamani.”