Pakiti Isiyo na Askari

Inagaki alipozitandaza karata zake sitini mezani na kusema kwamba ndani yake hamna askari hata mmoja, Makabe alicheka mpaka akashika mbavu.

"Ngoja kwanza, mzee," alisema. "Unakwenda vitani bila jeshi. Sasa utawaua kwa nini, kwa harufu ya soksi zako?"

Chumba cha mazoezi kilikuwa ghorofani, juu ya duka la karata la Mama Tokunaga, huko Nipponbashi mjini Osaka. Walikuwa watano, timu nzima ya duka, na wote wakaangua kicheko. Inagaki akangoja kiishe. Alikuwa na miaka thelathini na minane, na kumi na saba kati ya hiyo ameishi kwa kucheza mchezo huu wa karata, Falme Tisa, na si kwa kazi nyingine yoyote. Kungoja alikujua.

"Siwaui, nawakausha," alisema. "Kila zamu mtu lazima aokote karata moja kwenye rundo lake. Akikosa ya kuokota, kashindwa. Basi mimi nafunga milango, nakaa ndani, na karata zake nazitupa jalalani moja moja mpaka rundo liishe."

"Na yeye kakaa tu anakutazama, kwa heshima ya uzee wako."

Hapo akacheka hata Shiori. Shiori alikuwa mwanafunzi wake. Alimjia dukani miaka saba nyuma, amevaa sare ya shule, akamwomba amfundishe. Inagaki akamfundisha kuchanga karata bila kuzitazama, kuzihesabu za mpinzani kichwani, na kuufunga uso usiseme kitu. Sasa alikuwa na miaka ishirini na miwili na analipwa na duka kama yeye. Kicheko cha wale wengine kilimpitia Inagaki juu juu. Cha Shiori kilimwingia.

"Haya, mzee, zoa jalala lako," alisema Makabe, ambaye ndiye nahodha. "Halafu shuka utuletee vitumbua vya takoyaki. Yangu wasitie tangawizi."

Inagaki alikuwa amemzidi Makabe miaka tisa. Hata hivyo alivaa viatu akaenda, kwa sababu kwa misimu miwili alikuwa hajashinda kitu, na kila mwaka Mama Tokunaga humwuliza Makabe nani abaki na nani aende.

Zamani haikuwa hivyo. Aliwahi kuwa wa pili Japani nzima, na picha yake ikatoka kwenye magazeti ya mchezo. Alizunguka miji ya dunia asione kitu zaidi ya kumbi na vyumba vya hoteli. Mkewe alivumilia miaka minne, kisha akamwambia kwa simu kwamba funguo ameziacha kwa jirani. Inagaki alimsikiliza, akarudi mezani, akashinda mechi yake. Kwa muda mrefu alikuwa akilisimulia jambo hilo kama sifa.

Wiki mbili kabla ya mashindano ya taifa, Makabe alimwambia kwamba sakafu ya chumba cha mazoezi inatengenezwa, kwa hiyo afanyie mazoezi nyumbani. Siku chache baadaye Shiori akaja kumletea karatasi yenye orodha ya karata. Hakuvua viatu. Alisimama pale pale mlangoni.

"Hii ndiyo tuliyokubaliana sote, mwalimu."

Ilikuwa pakiti ya askari wepesi, ya kawaida kabisa. Inagaki aliipokea kwa mikono miwili.

Mashindano yalifanyika Nagoya. Raundi ya nne ubao ulimpanga na Shiori. Wakainamiana, wakachanga, Shiori akaanza. Karata yake ya kwanza ilikuwa Mlango wa Shaba.

Mlango wa Shaba ulikuwa haujachezwa na mtu kwa miaka minne, isipokuwa mezani kwa Inagaki. Zamu ya pili Shiori akaweka mlango mwingine. Zamu ya tatu akaanza kumtupia karata zake jalalani, kwa mpango ule ule alioubuni yeye Inagaki, hatua kwa hatua.

"Shiori," alisema kwa sauti ya chini. "Hii ni yangu."

"Zamu yako, mwalimu."

"Nani mwingine anayo?"

Shiori aliyakodolea macho mapindo ya mkono wa shati lake. "Wote," alisema. "Cheza, tafadhali. Saa inakwenda."

Alicheza. Askari wake walifika milangoni wakakwama, na rundo lake likapungua mbele ya macho yake kama maji kwenye ndoo iliyotoboka. Alishindwa michezo miwili mfululizo, mechi ikaisha. Akampa Shiori mkono, uso wake haujasema kitu, akaenda chooni akakaa juu ya kifuniko mpaka raundi iliyofuata ilipotangazwa. Na hiyo nayo alishindwa.

Makabe akawa bingwa wa Japani, Shiori wa tatu, na wote wawili wakapata nafasi ya kwenda Melbourne kwenye mashindano ya dunia. Jukwaani Makabe aliulizwa wazo la pakiti ile alilipata wapi.

"Nikioga," alisema. Ukumbi ukacheka. Haikupita wiki, nchi nzima ilikuwa ikiiita pakiti ile "Makabe".

Asubuhi iliyofuata fainali, hotelini, Mama Tokunaga alimwita Inagaki mezani kwake. Makabe alikuwepo, anatoa miiba kwenye samaki.

"Kula kwanza," alisema Mama Tokunaga, na alipoona Inagaki hagusi chakula, akaendelea. "Mkataba wako tunauachia hapa."

"Ile pakiti ni yangu, Mama."

"Najua ni yako. Ungeicheza wewe ingefika wapi? Ungekuwa wa arobaini, na kila mtu angekuwa ameshaiona. Kitu kizuri hupewa anayeweza kukibeba, Inagaki. Usinilazimishe kusema maneno mabaya asubuhi yote hii."

"Usinune, mzee," alisema Makabe. "Jina lako tutaliweka kwenye shukrani. Wewe na muuza takoyaki."

Shiori alikuwa peke yake meza ya dirishani, bakuli la supu limempoa mbele yake. Hakugeuka.

Inagaki akafunga virago, akaenda Sakai kwa dada yake Fumie, ambaye mumewe ana karakana ya kushona mikeka ya tatami. "Angalau hapa utatoka jasho," alisema dada yake, na jasho kweli alilitoa. Kazi yake ilikuwa kubeba mikeka, kuipakia garini na kuitandika katika nyumba za watu. Viganja vilivyokuwa laini kwa miaka kumi na saba vilichubuka, vikatoa damu, vikakomaa. Karata alizitia kwenye sanduku, sanduku akalisukuma chini ya ngazi. Lakini kichwani aliendelea kucheza. Alipokuwa akitandika mkeka alikuwa akichanga, na alipokuwa akila alikuwa akihesabu.

Miezi minne ikapita. Siku moja saa saba mchana Shiori akatokea karakanani. Alikuwa amekonda. Alivua viatu, akapiga magoti juu ya mkeka ambao haujakamilika.

"Mwalimu, leo saa kumi na mbili jioni ndiyo mwisho wa kupeleka orodha za Melbourne," alisema. "Sasa kila mtu ana dawa yetu. Wanajaza karata za moto, wanatuchoma kabla hatujafunga mlango wa pili. Nimejaribu kila kitu."

"Makabe anasemaje?"

"Makabe ana lake. Hanionyeshi."

"Sasa umejua ladha yake."

Shiori akakubali kwa kichwa.

Inagaki alikuwa ameshaliona jibu kabla msichana hajamaliza kueleza. Ukungu wa Asubuhi. Karata ya hovyo, inayolala kwenye masanduku ya bei rahisi katika kila duka, haina anayeitaka. Ukiweka nne, moto unazimika na milango inasimama. Alikuwa nalo jibu hilo tangu wiki ya pili ya kubeba mikeka.

"Mvua ya Majivu," alisema. "Weka nne."

"Mvua?" Shiori alishangaa. "Si itanipukutisha na mimi karata za mkononi?"

"Itawapukutisha wao kwanza. Mwenye moto hushika karata nyingi, wewe hushiki. Unampokonya, halafu unafunga." Alimwekea mpangilio wote, karata gani atoe, gani abakishe, kwa sauti ile ile ya miaka yote aliyomfundisha. Maelezo yalikuwa mazuri. Yangekuwa kweli kama ni Shiori anayeanza. Akianza mpinzani, Mvua ingemwacha mikono mitupu mbele ya moto. Na kuligundua hilo kunataka siku mbili za mazoezi, naye alibakiwa na saa tano.

Shiori aliandika yote kwenye daftari. Akainama mpaka paji la uso likakaribia mkeka.

"Mwalimu, kuhusu Nagoya..."

"Utachelewa treni," alisema Inagaki.

Saa kumi akaja Mama Tokunaga na boksi lenye vikombe vyake vya zamani na koti la timu. Alikataa chai. Alisimama anaikagua karakana kama mtu anayetaka kuikodi.

"Yule msichana amekuja hapa, sivyo?" alisema. "Usiwe mkali naye. Kabla ya Nagoya nusura anivurugie kila kitu. Alisema hachezi mpaka wewe uambiwe. Alikuwa ameshavaa viatu anakuja kwako na orodha ya kweli. Ikabidi nimkumbushe baba yake yuko kitandani, na dawa zinalipwa na mshahara wangu. Akalia, akakuletea ile nyingine. Nakwambia kwa sababu sipendi uchafu usio wangu uwekwe kwangu, wala wangu uwekwe kwa mwingine." Akaliweka boksi chini, akaondoka.

Inagaki alibaki amesimama. Simu ilikuwa rafuni, kando ya gurudumu la uzi. Neno lenyewe lilikuwa moja tu, Ukungu. Aliichukua simu, akalitafuta jina la Shiori, akalipata. Akakumbuka kile kicheko cha kule ghorofani. Akakumbuka Shiori alivyomwambia saa inakwenda. Kisha shemeji yake akamwita washike mkeka pande mbili, naye akairudisha simu rafuni akaenda kushika.

Saa kumi na moja na nusu aliitazama tena. Saa kumi na mbili kasoro dakika tano alikuwa anaosha mikono bombani, na aliiosha kwa muda mrefu. Alipofunga maji, saa kumi na mbili ilikuwa imepita.

Ijumaa ya wiki hiyo, wakati wa chakula cha mchana, aliingia kwenye mgahawa wa tambi, akaisimamisha simu kwenye chupa ya mchuzi, akatazama Melbourne. Shiori alikuwa ameshapoteza tatu kati ya tatu, na mechi ya nne ndiyo iliyoonyeshwa. Mpinzani alianza. Shiori akacheza Mvua ya Majivu, na karata zote mbili alizobakiza zikaenda jalalani. Mmoja wa watangazaji akasema huyu dada amejimwagia ndoo yake mwenyewe, mwenzake akacheka.

Shiori hakuinua kichwa. Aliitazama ile Mvua muda mrefu, mpaka mwamuzi akamkumbusha saa. Kamera ilimsogelea. Inagaki, aliyemfundisha kuufunga uso ule, aliuona ukifunguka. Hakuwa na hasira. Alikuwa na sura ya mtu anayesoma barua na kufika kwenye sahihi. Kisha akakusanya karata zake, akampa mpinzani mkono.

Inagaki alimaliza tambi zake. Akaagiza bakuli la pili, akalimaliza na hilo.

Shiori alipoulizwa nani alimshauri kuweka Mvua, alijibu kwamba lilikuwa wazo lake mwenyewe. Mama Tokunaga alimwachisha kazi wiki hiyo hiyo. Habari zilizofika Sakai ni kwamba anauza miwani katika duka moja la Tennoji, na kwamba baba yake amerudishwa nyumbani kutoka hospitali, hajapona.

Mwezi wa tatu Inagaki alilivuta sanduku kutoka chini ya ngazi, akaongeza Ukungu nne, akaenda Hiroshima kushindana bila timu. Hakupoteza mechi hata moja. Nusu fainali alimkuta Makabe, akamkausha mara mbili, na Makabe akaondoka mezani bila utani wowote. Duka moja la Fukuoka likampa mkataba wa miaka mitatu kabla hajatoka ukumbini. Magazeti yaliichapa orodha yake karata kwa karata, na pakiti ile sasa ikaanza kuitwa "Inagaki".

Kwenye gari moshi akirudi, alisoma salamu za pongezi kwenye simu. Zilikuwa nyingi, za watu waliomsahau kwa miaka. Katikati yao ilikuwemo ya Shiori.

"Hongera, mwalimu," ilisema. "Kumbe ni Ukungu."

Aliisoma mara moja, akaendelea na zilizofuata.